Akteri Hakufake

Juzi nilimwona akifa tena. Nilikuwa saluni hapa Goma, nusu ya kichwa imesukwa na nusu imesimama wima, na televisheni ya ukutani ilikuwa inaonyesha filamu ambayo hakuna aliyeitazama. Mzee mmoja wa Kibrazili alifungua geti, akasema maneno mawili matatu, akapigwa risasi. Kabla hajaanguka aligeuza shingo akatazama mlango, na hapo ndipo nilipomtambua. Nywele zimeisha, tumbo limeongezeka, lakini ule mtazamo wa mlangoni haujazeeka hata kidogo. Nikapiga kelele, "Kapita!" Dada aliyekuwa akinisuka akadhani amenivuta sana, akaniomba radhi.

Nilimsihi aiache filamu mpaka mwisho, yatoke majina. "Majina ya nani, Mama?" akaniuliza, na mteja mwingine akataka muziki, basi ukawekwa muziki. Kwa hiyo mpaka leo sijui anaitwa nani mtu huyu ninayemfahamu kuliko wajomba zangu wengi. Nimewahi kumtafuta kwenye simu. Ukiandika kwamba unamtaka mwigizaji wa Brazili anayekufa mapema, unaletewa vijana wazuri wenye meno meupe, ambao ukiwatazama tu unajua hawajawahi kufa mapema popote.

Sisi tulimwita Kapita kwa sababu tulipomwona mara ya kwanza alikuwa msimamizi wa shamba la ng'ombe, na kwetu Masisi msimamizi wa shamba la ng'ombe ni kapita, hana jina lingine. Tulimwona Kitshanga, wakati tulipokuwa tumefungiwa.

Tulikaa chumba kimoja nyuma ya duka la Papa Kambale, mfanyabiashara wa kutoka Butembo. Papa yangu alikuwa shofere wake. Kamyo, lori la duka, ilishuka msituni hadi Walikale na maharage na fromaji, jibini ya kwetu, ikapanda tena na mawese, na sisi tulijua siku Papa amerudi kwa sababu hata mito ya kitanda ilinuka mawese. Safari aliyoondoka mara ya mwisho aliinama dirishani mwa kamyo akamwambia Mama, "Mungoje hapa. Musitoke mpaka nifike." Kisha barabara ikafungwa nyuma yake. Wenye bunduki hawa walishika upande huu, wenye bunduki wale wakashika upande ule, nasi tukabaki na magunia ya chumvi.

Chumba chetu kilikuwa na dirisha, lakini dirisha lenyewe lilitazama stoo. Ukilifungua unapata hewa ya sabuni, ya makayabo, wale samaki wa chumvi, na ya esanse, petroli ya jenereta, hewa ambayo mpaka leo ikinipitia puani nahisi kuta zinanisogelea. Nilikatazwa kupita geti la uzio. Milimani bunduki zililia, zikanyamaza, zikalia, na kila ziliponyamaza niliomba nitoke, na kila nilipoomba Mama alisema bado. Neno hilo "bado" nilikuja kulichukia kama dawa ya minyoo.

Mwanzoni mjomba wangu, kaka wa Mama, alikuja na pikipiki kutoka Mushaki, kwa wazazi wao, ambako kulikuwa na mashamba na amani kidogo.

"Dada, panda," alisema, hata injini hakuizima. "Njia ya huku bado iko wazi. Baba alinituma."

"Bwana yangu alisema tungoje."

"Na kama hafike?"

"Atafika," Mama akajibu, akaingia ndani kumtafutia maji ya kunywa. Mjomba aliyanywa akiwa juu ya pikipiki, akanitazama, akaondoka na kiti cha nyuma kitupu. Haikupita wiki na njia ya Mushaki nayo ikafungwa. Kwa hiyo tulifungwa na neno la Papa kwanza, ndipo tukafungwa na bunduki. Nilipokuwa mtoto nilikijua kifungo cha bunduki tu.

Kilichotuponya ni katoni ya Papa Kambale. Ubavuni mwa duka alikuwa na kibanda cha mbao, mabenchi, televisheni na jenereta, na kabla ya njia kufungwa alinunua Butembo katoni nzima ya filamu, akihakikishiwa kwamba ni karate. Alipoifungua akakuta Brazili tupu. Watu wanalia, wanapanda farasi, wanapeana talaka. Kama barabara ingekuwa wazi angeirudisha siku hiyohiyo, lakini barabara ikifungwa hata karate haipiti. Basi mji mzima ukafungiwa pamoja na Wabrazili.

Walisema Kireno, chini yakipita maandishi ya Kifaransa. Wa kutufasiria alikuwa shangazi yangu, Tantine Furaha, mdogo wa mwisho wa Papa, aliyekuwa akikaa nasi. Alisimama kando ya televisheni na fimbo, maana aliacha sekondari katikati lakini ualimu ulimkaa. Maandishi yakienda haraka, yeye alikwenda haraka kuliko yenyewe. Nusu alisoma, nusu alitunga, na ile nusu ya kutunga ndiyo iliyojaza mabenchi. Filamu zilianza baada ya chakula cha mchana na kwisha jua likiwa bado juu, ili watu wawahi makwao. Na mara tu hadithi ilipoisha, Papa Kambale alizima jenereta asipoteze esanse, kwa hiyo hakuna aliyewahi kuona jina la mwigizaji hata mmoja.

Sasa, kwa msomaji wa mbali: kwetu akteri si kila anayeonekana kwenye filamu. Akteri ni yule mmoja, mwenyewe, ambaye filamu ni yake. Anapigwa, anatupwa mtoni, anafungwa kamba, lakini hafi. Mtoto wa Kitshanga anajua hilo kabla hajajua Baba Yetu. Ndiyo maana filamu ikianza swali la kwanza ni moja tu: akteri ni nani? Ukishaonyeshwa, unatulia.

Mimi nilishika kwamba akteri ni Kapita. Kwa nini, sijui. Labda kwa sababu aliinamisha kichwa akiongea, kama Papa dirishani mwa kamyo. Katika ile filamu ya ng'ombe alichomwa kisu hata kabla jenereta halijapata moto vizuri. Katika nyingine alikuwa padri, akabatiza mtoto, mafuriko yakamchukua. Katika nyingine mlevi, katika nyingine mlinzi wa jela aliyenyongwa na wafungwa wake. Na kila mara, kabla ya kufa, alitazama mlango. Mahali pasipo na mlango alitafuta upande ambao mlango ungekuwako. Nilikuwa nikigeuka nami, nikitazama mlango wa kibanda, kuona ni nani anayekuja.

"Haiko akteri huyu," Tantine aliniambia mbele ya watu, kwa kuwa nilikuwa nikiwaharibia raha. "Akteri hakufake. Huyu anakufaka kila siku. Iko muntu ya kujazisha filme tu."

"Lakini anarudiaka!" nikasema. "Alikufa na mafuriko, leo iko mulinzi. Akteri yenu hata kufa hajajaribu."

Kibanda kilicheka mpaka mabenchi yakalia. Mzee mmoja wa kambi ya wakimbizi, aliyekuwa mwalimu kwao na sasa alikuwa akibeba mchanga, alisema mtoto ana haki, kufa na kurudi ni kazi kubwa kuliko kutokufa. Nikalishika neno hilo.

Na nikajitungia maelezo yangu. Katoni haikuwa na mpangilio. Leo Kapita mzee mwenye mvi, kesho kijana mwembamba anayebeba sinia hotelini. Mimi sikujua kwamba mtu anaweza kuwa na kazi ya kujifanya. Niliyaona yote hayo ni maisha ya mtu mmoja. Na mtu anayebadili kazi, anayebadili mji na jina, ambaye kila anapotulia wanakuja kumuua, alikuwa nani? Nilikuwa nimezungukwa nao, kambi ziko pande zote za mji. Kapita alikuwa mkimbizi. Alikuwa anakimbia katika Brazili yote akitafuta kwao, na mahali fulani ndani ya katoni kulikuwa na filamu ambayo ndani yake anafika. Nilimsumbua Papa Kambale kila siku aiweke hiyo. "Iyo haiko, mutoto yangu," alijibu mzee yule mpole, na mimi nikaona ananificha.

Tantine alinihurumia. Yeye alimpenda kaka yake kupita kiasi; Papa ndiye aliyemlipia shule, na jina la Papa likitajwa alikuwa anasimama wima. Nadhani alitambua kabla yangu ni nani hasa niliyekuwa nikimngoja pale. Basi akaanza kugeuza maneno kwa ajili yangu. Kapita akichomwa kisu, Tantine alisema, "Amezimia tu. Batamubeba ku hospitali." Akichukuliwa na maji: "Huko chini iko mutego ya samaki, itamushika." Watu walijua, wakaniachia. Siku moja, katika filamu ambayo Kapita ni shofere wa lori anayeangukia bondeni, mwanamke wa benchi la mbele aligeuka akanipasha habari yeye mwenyewe: "Alitoka ku dirisha, mutoto. Usilie." Mji ulikuwa na njaa na hofu, na bado ulipata nafasi ya kumdanganya mtoto kwa upole. Nawashukuru mpaka leo.

Kisha akaja Mama Sifa. Huyu alikuwa mchuuzi wa mawese, mwanamke mfupi mwenye shingo nene ya kubebea mizigo, ambaye alikuwa akimuuzia Papa Kambale tangu zamani. Alitokea mchana kweupe getini, dumu mgongoni, miguu imepasuka, na duka zima likasimama, maana hakuna aliyekuwa ametoka upande wa Walikale kwa muda mrefu. Mama alimwekea maji ya kunawa miguu. Mimi nilikaa nyuma ya mlango.

"Bwana yako iko muzima," Mama Sifa alisema. "Nilimuona na macho yangu."

Mama alishika ukuta. "Na kamyo?"

"Kamyo walichoma, kitambo. Lakini yeye hakuguswa."

"Basi njia njo inamukatalia."

Mama Sifa alinawa mguu mmoja, akanawa wa pili. "Njia iko mbaya, lakini batu banazungukaka na musitu. Miye nilizunguka na dumu ku mugongo." Akashusha sauti, lakini mtu aliyezoea kuita wateja hajui kushusha sauti. "Mama, nisikufiche. Alishajenga kule."

Sikungoja zaidi. Nilikimbia uani kwa Tantine, aliyekuwa akichambua maharage, nikamrukia shingoni. "Papa iko muzima! Alishajenga! Alishajenga nyumba ku Walikale!"

"Nani anasema?"

"Mama Sifa. Alimuona na macho."

Tantine aliweka ungo chini polepole. Mimi niliendelea kuruka. Niliuliza kama nyumba ina mabati, kama tutapata dirisha la kutazama nje. Nilielewa yote sasa: Papa hakuchelewa, alikuwa kazini, anatujengea, na mtu huwezi kuacha ukuta nusu. Miaka ilibidi ipite kabla sijajua kwamba kwetu mwanamume akisemwa amejenga mahali pengine, hazungumziwi mbao wala misumari. Huzungumziwa mwanamke, na chungu jikoni, na pengine kitanda cha mtoto. Siku ile nilikuwa mtu mwenye furaha kuliko wote Kitshanga, na nilishangaa kwamba hakuna anayecheza nami.

Mama hakulia. Alichukua sufuria lililokuwa safi akalisugua kwa mchanga, akalisuuza, akalisugua tena. Baada ya chakula Tantine alikwenda kibandani kama kawaida, na filamu ilikuwa ileile ya shofere. Kapita akaendesha, akaimba kidogo, breki zikakataa. Akageuza shingo kutazama mlango wa lori. Lori likaenda bondeni. Nilimtazama Tantine nikitabasamu, nikingoja dirisha.

"Alikufa," Tantine akasema.

Watu wakageuka. Mwanamke wa benchi la mbele akasema, "Eh, Furaha, leo unamuua?"

"Njo vile filme inasema. Miye nilikuwa nabadanganya. Alikufa, hakuna wa kumuamsha, na hata kama iko anatembea mahali, alishakufa." Akaniwekea fimbo mapajani, akatoka. Wabrazili wakaendelea kwa Kireno chao bila mfasiri, na hakuna aliyedai kufasiriwa. Nililia kwa hasira. Nilimwona Tantine kuwa mkatili, siku nzuri kama ile, baada ya habari njema kama zile.

Asubuhi Mama alikuwa amefunga furushi. "Tunaenda kwetu Mushaki," alisema. Ng'ombe akivunjika guu hurejea zizini, wahenga walisema, lakini mimi sikuona aliyevunjika.

"Papa alisema tungoje."

"Tulishangoja."

"Lakini nyumba iko Walikale! Mushaki ni upande mwingine!"

Alipiga magoti kunifunga viatu, akazikaza kamba mpaka zikaniuma. Lililokuwa likimtisha halikuwa swali langu. Siku hizo vikundi vya wanawake vilikuwa vimeanza kuruhusiwa kwenda upande wa Mushaki mchana, ila njiani, Kilolirwe, kulikuwa na bariere, kizuizi cha wenye bunduki, na kila mwanamke aliulizwa mume wake yuko wapi. Aliyejibu Walikale alihesabiwa mke wa adui. Wengine walirudishwa. Wengine hawakurudi wala hawakufika.

"Utasema alikufa," Tantine akamwambia.

"Siwezi kumuchulia muntu kifo. Na ni kaka yako, Furaha."

"Njo miye nakuambia, miye dada yake. Sema alikufa." Kisha akaniinamia, akajaribu kutabasamu. "Usikie. Ku bariere Mama atacheza filme kidogo. Atasema Papa alikufa. Weye unajua iko muzima, lakini ufunge kinywa. Si unaweza?"

Ningeshindwaje? Mama, ambaye hakuwahi kuingia kibandani hata siku moja, atacheza filamu! Nilimwuliza Tantine kama anakuja kuona. Akasema Mushaki ni kwa wakwe wa kaka yake, ataingia kwa uso gani baada ya hayo. Alibaki amesimama getini, mikono imekumbatia mabega yake mwenyewe, na niliona haya kumpungia mkono kwa sababu ya mambo ya jana.

Tulitembea na wanawake wengine, wote wana mizigo, wachache wanazungumza. Baada ya siku zote zile za kutazama magunia, macho yaliniuma kwa ukubwa wa vilima. Majani mabichi mpaka juu, uzio wa miti, ng'ombe wanene wasio na mchungaji. Nilivijua vilima hivyo. Nilikuwa nimeviona katika filamu ya kwanza ya Kapita. Kumbe Brazili ni hapa, nikawaza, na nikaanza kutazama kila mwanamume tuliyepishana naye kama anainamisha kichwa.

Bariere ilikuwa kamba tu, imefungwa kwenye mti wa mkaratusi, imeshikwa upande wa pili na kijana wa mabuti ya mpira. Walipekua mafurushi. Walimwuliza mmoja, wakamwuliza wa pili. Wa tatu aliyumba katika jibu, akawekwa kando, na sikumwona tena. Kisha kijana akamtazama Mama.

"Weye. Bwana yako iko wapi?"

Mama aliitazama kamba. Nikaogopa kwamba amesahau maneno, nikataka kumkumbusha, nikauma ulimi.

"Nauliza bwana iko wapi?"

"Alikufa," Mama akasema.

"Wapi?"

"Ku barabara. Alitoka ku nyumba akasema tungoje. Tulingoja. Alikufa."

Na hapo akaanza. Kwanza midomo, halafu mabega, halafu akaketi chini katikati ya njia, mikono kichwani, akapiga yowe ambalo sijawahi kulisikia kinywani mwake kabla wala baadaye. Alimwita Papa kwa jina lake la utotoni. Alimwuliza amemkosea nini. Wanawake tuliokuwa nao wakaanza kulia pia, na miongoni mwao walikuwako wajane wa kweli. Kijana wa kamba alitazama mabuti yake. "Pole, Mama," akasema, sauti imekuwa ya kitoto. "Pole. Pita. Mupite wote."

Nilijaa fahari. Katoni nzima ya Papa Kambale haikuwa na mtu wa kucheza namna ile. Nilimsaidia kuinuka, nikabeba furushi dogo, tukapita chini ya kamba. Tukapanda, tukakata kona, na bariere ikapotea nyuma ya mikaratusi. Hakukuwa na askari tena, hakukuwa na wa kutusikia isipokuwa ng'ombe. Mama alikuwa bado analia. Nikamvuta kitenge.

"Mama," nikamnong'oneza, "tulishapita. Unaweza kuacha."

Alinishika mkono, akaendelea kutembea, na tulipofika Mushaki alikuwa bado analia.